Askari wa Nani Katika Uchaguzi wa Ushirika?

Mkulima wa minazi wa Msambweni anapokwenda kumchagua mwenyekiti wa chama chake cha ushirika, ni nani anayemlinda? Serikali itajibu upesi: polisi. Basi na tuulize la pili. Askari huyo ameitwa na nani, na amesimama upande gani?

Mkutano wenyewe twaujua. Kamati inayodaiwa hesabu ndiyo inayoandika orodha ya wapiga kura, ndiyo inayochagua uwanja, ndiyo inayopiga simu kituoni. Askari wakifika hupewa soda na kivuli kando ya meza ya mwenyekiti. Vijana wa kukodiwa, wasio na hata mnazi mmoja, huzunguka na bakora. Mama mjane aliyekuja kuuliza fedha zake za nazi huitazama bunduki ile, huwatazama na vijana wale, kisha hufunga kinywa chake. Hakupigwa mtu, na taarifa itaandikwa kwamba uchaguzi ulikuwa wa amani. Amani gani hiyo?

Sisi wa Pwani ya Kusini twajua gharama ya ulinzi uliokosekana. Usiku wa tarehe 13 Agosti 1997, miezi minne kabla ya uchaguzi mkuu wa tarehe 29 Desemba, genge lilivamia kituo cha polisi cha Likoni, likaua askari sita na kupora bunduki. Fujo zikaenea hadi Kwale. Watu zaidi ya 100 waliuawa, na maelfu wakakimbia makwao, wengine wakilala katika uwanja wa Kanisa Katoliki la Likoni. Tume ya Jaji Akiwumi ilielezwa baadaye kwamba maonyo yalikuwa yamewafikia wenye dhamana mapema. Naye Mdigo asiye na hatia aliyebaki kijijini alikutana na dola iliyochelewa, safari hii ikivunja milango kutafuta washukiwa.

Kuna watakaosema hayo ni ya siasa, ushirika ni mambo ya shamba. Waulizeni wakulima wa kahawa wa Nyeri, ambao mwishoni mwa miaka ya 1990 walipigana juu ya kugawanywa kwa vyama vyao hata roho zikapotea. Penye fedha ya mkulima, siasa imekwisha fika.

Sheria ya Vyama vya Ushirika ya 1997 ilimpa kila mwanachama kura moja, awe na hisa tano au elfu tano. Sheria ya Utulivu wa Umma nayo haiuhesabu mkutano wa chama kilichosajiliwa, ulioitishwa kwa mujibu wa katiba yake na kwa shughuli zake tu, kuwa mkutano wa kuarifiwa polisi. Afisa anayewatawanya wanachama eti hawana kibali, yeye ndiye mvunja sheria. Na ibara ya 244 ya Katiba ya 2010 inamtaka polisi aheshimu haki za binadamu. Haikuweka pembeni haki za wakulima.

Tunalodai ni dogo. Askari wakae langoni, mbali na meza ya kamati, na asiyekuwa katika daftari la wanachama asipite. Kura iwe ya siri. Mwaka 1988 Wakenya walipangwa mlolongo nyuma ya wagombea, na mlolongo mfupi ukatangazwa mshindi mchana kweupe. Hata askari mia hawawezi kumlinda mkulima anayenyoosha mkono mbele ya karani yule yule anayempimia korosho zake.

Wala msingoje kamati iwaombee ulinzi. Wanachama kumi waandike barua kwa mkuu wa kituo, Diani au Msambweni, wiki mbili kabla ya mkutano, wataje siku, mahali na hofu yao, na nakala wampelekee afisa wa ushirika wa kaunti. Barua igongwe muhuri, na nambari ya OB ichukuliwe. Akikataa kuipokea, andikeni jina lake, saa na mashahidi, mpeleke malalamiko kwa IPOA, mamlaka ya kusimamia mwenendo wa polisi. Barua hiyo haihitaji wakili. Katibu yeyote wa jumuiya ndogo ndogo anaweza kuiandika Jumapili baada ya ibada.