Salamu za Kiingereza: Kwaya ya darasa la kwanza, ukimya wa sekondari

MWALIMU anapoingia darasani, watoto husimama kwa pamoja na sauti zao husikika hadi uwanjani: "Good morning, teacher!" Mwalimu huwajulia hali, nao hujibu kwa pumzi moja: "We are fine, thank you, teacher." Kisha huketi. Apitaye nje hudhani lugha imekwisha kuwaingia.

Lakini mtoto mmoja akiitwa mbele na kuulizwa jina lake kwa lugha hiyo hiyo, mara nyingi huinamisha kichwa. Mwingine hujibu "We are fine" ilhali amesimama peke yake. Alichohifadhi ni wimbo, si mazungumzo.

Suala hili lina uzito zaidi sasa. Sera ya elimu ya mwaka 1995 iliagiza Kiingereza kiwe somo tangu darasa la kwanza. Mtaala wa mwaka 2015 ulikisogeza hadi darasa la tatu, ili madarasa mawili ya mwanzo yajikite katika kusoma, kuandika na kuhesabu. Mtaala ulioanza kutumika Januari 2024 umekirejesha darasa la kwanza. Kurejesha somo ni jambo moja. Kulifundisha ipasavyo ni jingine.

Kiswahili kimekuwa lugha ya kufundishia katika shule za msingi za umma tangu mwaka 1967, lakini sekondari hufundisha kwa Kiingereza. Mtoto ambaye hajawahi kuuliza wala kujibu swali kwa lugha hiyo akiwa peke yake, hufika kidato cha kwanza na kukutana na Baiolojia, Historia na Hisabati kwa Kiingereza. Hapo kwaya haipo tena, na wengi huchagua kunyamaza. Wazazi wenye uwezo hukwepa hatari hiyo kwa kulipia shule za binafsi. Wasio nao hawana pa kukimbilia.

Walimu hulalamikia msongamano, na wana haki. Tangu ada na michango ilipoondolewa Januari 2016, madarasa mengi yamefurika. Katika darasa la watoto 80, mwalimu akimpa kila mmoja nusu dakika, dakika 40 zimekwisha. Hata hivyo, hesabu hiyo hiyo ndiyo inayoonyesha njia. Watoto wakigeukiana wawili wawili, jozi 40 huzungumza kwa wakati mmoja, na kila mtoto huuliza na kujibu ndani ya dakika mbili. Halihitajiki dawati jipya wala fungu la bajeti.

Zaidi ya hayo, mtoto wa Kiswahili haji mikono mitupu. Tayari anajua kumwamkia mkubwa kwa "Shikamoo" na mwenzake kwa "Mambo". Aelezwe basi kwamba Kiingereza hakina shikamoo, na kwamba "Good morning" ni ya mwalimu na ya rafiki pia. Asipoelezwa, ataiona kuwa mali ya mwalimu tu. Aelezwe kwamba "Good night" ni ya kuagana, si ya kukutana. Anapomtambulisha mama yake, akumbushwe kuwa "yeye" wa Kiswahili hugawanyika kuwa "he" na "she". Hata matamshi yana daraja: sauti ya kwanza ya "thank you" imo katika "thelathini", na ya "this" imo katika "dhahabu".

Kwaya haina budi kubaki kama mlango wa kuingilia, kwani humwondolea mtoto woga siku za mwanzo. Kosa ni kuishia mlangoni. Wathibiti ubora wa shule nao wasiridhike na darasa linaloitikia kwa kishindo. Wawaendee watoto wawili wa dawati la nyuma, wawaombe wasalimiane na kutajiana majina. Majibu ya wawili hao ndiyo yatakayoeleza kama somo limefundishwa.