Raga: Kazi au Ridhaa?

Kwetu Mkolani, Mwanza, ambako nyumba zimejengwa baina ya majabali na mtoto huparamia mawe kabla hajajua kuendesha baiskeli, jina la mwamba halimshangazi mtu. Kwa hiyo jirani yangu aliposikia kwamba iko klabu ya raga mjini Nairobi iitwayo Mwamba, iliyoasisiwa mwaka 1977 ili vijana wa Kiafrika wapate mahali pao katika mchezo uliokuwa umehodhiwa na walowezi, alicheka akasema kwamba bila shaka walioipa jina hilo walipata kupita Mwanza. Lakini kicheko hicho kilimtoka kwa shida. Mwanawe wa kidato cha nne, mwenye kifua kipana na miguu myepesi, ameitazama raga katika simu mpaka ameazimia kuifanya ndiyo riziki yake, na baba alinijia kuniuliza kama hiyo ni kazi, au ni mchezo uliovikwa kanzu ya kazi.

Suali lake si la nyumba moja. Kiswahili chetu cha michezo kimewagawa wachezaji mafungu mawili, wa ridhaa na wa kulipwa, na raga ya wachezaji kumi na watano ilikaa katika fungu la kwanza tangu karne ya kumi na tisa mpaka tarehe 26 Agosti 1995, wakuu wake walipokutana Paris wakaondoa marufuku ya kumlipa mchezaji. Hata wachezaji wa timu ya British Lions waliofika Nairobi Septemba 1955, wakaishinda timu ya Afrika Mashariki kwa alama 39 dhidi ya 12, walikuwa watu wa ridhaa wenye kazi zao kwao. Baada ya 1995 fedha zilimiminika Uingereza na Ufaransa. Ama Afrika Mashariki, zilizotufikia zilikuja kwa mlango mwembamba wa raga ya wachezaji saba, hasa tangu mwaka 2009 ilipoamuliwa kwamba mchezo huo utaingia katika Olimpiki ya Rio ya 2016.

Katika mlango huo alipita Collins Injera wa Mwamba, na sijui mfano ulio bora kuliko wake. Mei 2016, mjini London, alipata trai yake ya 231 katika mashindano ya dunia ya raga ya saba, akaipita rekodi ya Muajentina Santiago Gómez Cora; na mwezi mmoja nyuma, tarehe 17 Aprili, Kenya ilikuwa imeipiga Fiji 30 kwa 7 katika fainali ya Singapore, Fiji ile ile ambayo miezi michache baadaye ilitwaa dhahabu ya Rio. Injera alistaafu mwaka 2022. Kaka yake, Humphrey Kayange, aliyekuwa nahodha wa timu ya Kenya, alisomea kemia katika chuo kikuu wakati akicheza, na mwaka 2021 akaingia katika Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki. Atakayeyatazama maisha ya ndugu hawa wawili peke yake atasema raga ni kazi, tena kazi tukufu.

Walakini kocha aliyeifikisha Kenya kwenye ushindi wa Singapore alikuwa Benjamin Ayimba, naye mwenyewe nahodha wa zamani. Na alipougua malaria kali mwaka 2021, umma uliombwa kuchangia gharama za tiba yake, na mwezi Mei mwaka huo akafariki. Nalitafakari jambo hili kila nisikiapo neno mchezaji wa kulipwa. Miaka mitatu kabla ya msiba huo, Juni 2018, wachezaji wa Kenya waliingia uwanjani Paris wakiwa wameliziba jina la mfadhili vifuani mwao, kwa sababu ya malipo waliyoyadai. Na sijapata kuona karani au mwashi aliyelazimika kuvuka bahari ili adai ujira wake mbele ya macho ya dunia.

Wala tusidhani kwamba penye fedha nyingi pana amani. Steve Thompson, aliyelitwaa Kombe la Dunia pamoja na Uingereza mwaka 2003, alitangaza mwaka 2020, akiwa na umri wa miaka 42, kwamba amepatikana na maradhi ya kupotewa na akili, na kwamba hakumbuki hata kuicheza fainali ile. Vichwa vilivyogongana mwaka baada ya mwaka vilikuja kudai deni lao wakati mkataba umekwisha.

Hapa Mwanza tunalo somo la karibu zaidi, ingawa ni la kandanda. Pamba, timu iliyobeba jina la zao letu na kulelewa na taasisi za zao hilo, ilikuwa na adhama kubwa nchini. Lakini mlezi alipodhoofu, timu nayo ilidhoofu, ikatoka Ligi Kuu, ikarejea mwaka 2024 baada ya miaka zaidi ya ishirini. Vivyo hivyo klabu kubwa za raga za Kenya zimeegemea benki na kiwanda cha sukari. Mlezi ni neema, ila mchezaji asiyekuwa na hati mkononi hubaki yatima siku mlezi afungapo mlango.

Najua nitaambiwa kwamba kijana aendaye ziwani usiku na karabai kuvua dagaa hana bima wala malipo ya uzeeni, na hakuna amkatazaye. Basi kwa nini raga idaiwe zaidi? Hoja hii ina uzito, wala siibezi. Lakini mvuvi aliyechanika wavu hukaa ufukweni akaushona, na goti la mchezaji halishonwi kwa uzi wa dukani. Na fauka ya hayo, mvuvi hakuvishwa jezi ya taifa wala hakuimbiwa wimbo wake. Nchi ikimvika mtu bendera yake, imekwisha kuwa mwajiri wake, itake isitake.

Kwa hiyo nilimjibu jirani yangu kwamba mtoto na acheze, maana kumnyima ni kumwonea, lakini amalize shule kwanza; na siku atakapotokea mtu na mkataba, wasiulize mshahara mpaka wameuliza nani atalipa goti likivunjika, kwa muda gani, na sahihi ya nani itakuwa chini ya ahadi hiyo. Wanaotamani kuieneza raga katika shule zetu nawaomba waitayarishe karatasi hiyo kabla ya kununua mipira. Mpaka itakapokuwapo, mimi nitamwita kijana huyo mchezaji wa ridhaa, hata akilipwa.