Watalii wanakuja ku mugodi uliofungwa: franga inaenda wapi?

Kule Uingereza kuko watu wanaolipa franga ya kweli ili wapitishe siku nzima pembeni ya bahari wakitazama migodi iliyokufa. Asubuhi wanapanda gari dogo, watu nane ao kumi na sita hivi pamoja na kiongozi wao mumoja. Mangaribi wanarudi na picha mu telefone. Fasi yenyewe ni Cornwall, kipande cha mwisho cha Uingereza upande wa magharibi, kule udongo unaingia mu bahari ya Atlantiki sawa kidole. Gari linatoka Penzance, linapita St Just na Pendeen, kisha linafuata barabara ya pwani mpaka St Ives. Barabara ile ni nyembamba, bisi kubwa zinateseka kupishana, njo maana vikundi vinabaki vidogo.

Ku mukono mumoja kuko mashamba na kuta za mawe. Ku mukono mwingine majabali yanakatika wima mpaka mu maji, upepo unapiga, mawimbi yanapasuka chini. Na juu ya majabali yale yamesimama majengo marefu ya mawe yasiyo na paa, kila moja na shemine yake. Watalii wengi waliyaona kwanza ku televizyo, mu filme ya mufululizo Poldark, ile BBC ilianza kuonyesha mwaka 2015. Kutoka mbali mutu anaweza kufikiri ni makao ya wafalme wa zamani. Hapana. Ni nyumba za mashini za kuvuta maji na kupandisha mawe. Mutu wa Kipushi angezitambua bila kuelezwa.

Tunaandika habari hii kwa sababu mu miji yetu ya migodi tunasikia mara na mara watu wakisema: mawe yakikwisha, tutaleta watalii. Basi tutazame wale waliofanya vile kweli, walipata nini na walipoteza nini.

Tuanze na Botallack, fasi ile inapigwa picha kupita zote. Nyumba mbili za mashini zimekaa chini kabisa, karibu mawimbi yaziguse. Shimo lake liliteremka upande wa bahari, na watumikaji walichimba mpaka karibu nusu kilometre chini ya maji ya Atlantiki, wakitafuta shaba na kasiterite. Siku za zoruba walisikia mawe makubwa ya bahari yakibingirika juu ya vichwa vyao. Mwaka 1863 munyororo wa kigari cha kupandisha watu ulikatika: watu wakubwa nane na kijana mumoja wakafa. Miaka miwili tu nyuma, mutoto wa malkia wa Uingereza pamoja na bibi yake waliteremka mu shimo lile lile kutembea. Utalii wa mugodi haukuanza leo!

Mbele kidogo kuko Levant. Mule watu waliteremka na kupanda kwa mashini moja ya ajabu: muti murefu uliokuwa ukipanda na kushuka ndani ya shimo, wenye vibao vya kusimamia. Unasimama ku kibao, muti unakupandisha kidogo, unaruka pembeni, unangoja, unaruka tena. Tarehe 20 Oktoba 1919, watu wakimaliza kazi na wakipanda kurudi kwao, chuma kilichoshika muti ule kule juu kilivunjika. Zaidi ya watu mia walikuwa juu yake. Waliokufa ni 31. Nyuma ya pale vyumba vya chini kabisa viliachwa, na mwaka 1930 Levant ikafungwa. Kiongozi wa watalii anasimulia maneno hayo pale pale penye shimo, kisha gari linaendelea. Hatusemi ni vibaya. Lakini sisi wenye kuwa na wafu wetu mu mashimo tunajua kama hesabu ile haipiti haraka vile mu nyumba za watu.

Gari linafika Geevor, na hapa njo maneno inatugusa sisi wenyewe. Geevor haikuuawa na kupungukiwa kwa mawe. Iliuawa na bei. Mu mwezi wa Oktoba 1985, baraza la inchi mbalimbali lililokuwa likinunua bati (étain) ili kushikilia bei yake lilikosa franga ya kuendelea, na soko la London likasimamisha biashara ya bati. Bei ilipofunguliwa tena ilikuwa imeanguka chini ya nusu. Bei ile haikupiga Cornwall peke yake. Sominki, iliyokuwa ikitoa kasiterite Kivu na Maniema, iliumizwa na kishindo kile kile; watumikaji wakatoka, na watu wakaingia kuchimba kwa mikono yao. Mutumikaji wa Pendeen na mutumikaji wa Kalima hawakujuana, lakini barua ya kuwafukuza iliandikwa siku moja na sababu moja, mu muji ambao wote wawili hawakufikamo.

Geevor ilijikaza mpaka 1990. Sisi tunakumbuka mwaka ule juu ya Kamoto, iliyoanguka mu Septemba. Mwaka uliofuata pompi za Geevor zikazimishwa, na maji yakapanda.

Sasa ni hapa njia zetu zinaachana. Baraza la jimbo la Cornwall lilinunua fasi ile na mashini zake, na mwaka 1993 ikafunguliwa kuwa nyumba ya kumbukumbu. Wachimbaji wa zamani wakapata kazi ya kuwaongoza wageni. Mutalii anaingia mu chumba ambamo watu walibadilisha nguo: kaske, bote na makabati ya nguo viko vile walivyoviacha siku ya mwisho. Kule Levant ilianza zamani zaidi. Mwaka 1935 watu wa Cornwall waliunda kikundi kuzuia mashini ya mvuke ya pale isikatwe na kuuzwa chuma. Miaka mingi nyuma, watu waliojitolea bila mushahara waliitengeneza mpaka ikazunguka tena. Mwaka 2006 UNESCO iliandika migodi ya Cornwall na ya Devon ya magharibi mu orodha ya urizi wa dunia. Kama wangeuza mitraille mapema, UNESCO ingeandika nini?

Mu vitu wanavyoonyesha kuko pia kazi ya wanawake, ile ingewapendeza mama zetu wanaoosha na kutwanga mawe. Karne ya 19, maelfu ya wanawake na wabinti wa Cornwall waliponda mawe kwa nyundo inje ya shimo, kwa mushahara mudogo kuliko wa wanaume. Leo majina ya wengi wao yanatafutwa mu vitabu vya hesabu vya makampani. Yanapatikana kwa sababu vitabu havikuchomwa.

Franga, basi. Mutalii analipa kiti cha gari, analipa mulango wa Geevor, anakula, analala St Ives. Kiti na mulango vinalisha kiongozi, dereva, mutu wa kufagia, fundi wa paa. Ni kazi za kweli, lakini hazifikii hesabu ya watu mugodi uliokuwa ukilisha, na nyingi zinalegea baridi ikiingia. Watalii walijaa, lakini Cornwall ilibaki kati ya majimbo maskini ya Ulaya, hata kuanzia mwaka 2000 Umoja wa Ulaya ukaipa musaada ule wa majimbo yaliyo nyuma kabisa. Na uzuri wa pwani umeleta shida ingine: matajiri wa London na wa kwingine wananunua nyumba za wachimbaji, wanakaamo wiki chache kwa mwaka, bei inapanda, mutoto wa muchimbaji anakosa fasi ya kupanga mu kijiji alichozaliwa. Kuanzia Aprili 2025 baraza la Cornwall limeongeza kodi mara mbili ku nyumba zile za pili. Franga kubwa ya utalii haikai ku mulango wa mugodi. Inakaa ku mwenye kitanda na mwenye udongo. Mutu asiye na lupango lake mwenyewe anapata posho tu.

Maneno mengine mapya ni haya: mawe yenyewe yanarudi. Mbali kidogo na pwani ile, mugodi wa South Crofty ulifungwa mwaka 1998, na wengi walisema ni mwisho wa bati mu Cornwall. Tangu mwisho wa 2023 kampani Cornish Metals inavuta maji mule ili kazi ianze tena, kwani bati inatumika kushikanisha vipande ndani ya kila telefone na kila mashini ya umeme, na Ulaya haitaki tena kungojea kila kitu kutoka mbali. Sisi tumekwisha kuona ile mambo Kipushi: kazi ilisimama 1993, mwaka 2011 pompi kubwa ikaharibika na maji yakapanda, kisha yakavutwa, na mwaka 2024 zinki ikaanza kutoka tena. Kwa hiyo ku mutu anayesema «mugodi umekufa, tugawane vyuma», tunapashwa kumuuliza mara mbili.

Sisi hatuna bahari. Tuko na terril ya Lubumbashi na shemine yake, zile mugeni anaonyeshwa kwanza. Tuko na nyumba za kambi na mashimo ya Likasi na Kolwezi. Tuko pia na wazee zaidi ya 10.000 waliotoka Gécamines mwaka 2003 mu ile waliita «départs volontaires», ambao wanajua kila mashini ilikaa wapi na ilifanya nini. Wengi wao hakuna mutu aliyewaandika kamwe. Tumeona vyuma vikikatwa usiku na kupakiwa mu makamyo, na vitabu vya mishahara vikifunga karanga sokoni.

Na hatuwezi kusema kama franga ya kulinda haiko. Sheria ya migodi iliyobadilishwa mwaka 2018 inasema kila kampani inayochimba itoe angalau 0,3% ya mauzo yake ya mwaka kwa maendeleo ya watu wa pale. Mu redevance, 15% ni ya commune, secteur ao chefferie ya fasi ile, na 10% inaenda ku mufuko wa vizazi vijavyo. Cahier des charges inaandikwa kati ya kampani na wakaaji. Mara nyingi wakaaji wanaomba kalasi, kisima na hospitali, na wana haki. Lakini ndani ya karatasi zile tunaona mara chache sana mustari unaosema: mashini hii haitauzwa, vitabu hivi vitapelekwa fasi fulani, shimo hili litalipiwa pompi na fulani mpaka mwaka fulani, nyumba za kambi zitaandikwa ku jina la wanaokaamo. Mustari ule wa mwisho, Cornwall hawakuuandika, na leo wanaukimbiza na kodi.

Kampani ikiwa bado inatoa mawe, inasaini. Siku bei ikianguka kama Oktoba 1985, aliye na kalamu hatapokea telefone. Wale wanaoingia mu mikutano ya cahier des charges mwaka huu, Fungurume, Kolwezi ao Manono, wapeleke mustari wa pompi na mustari wa malupango mbele ya ule wa kisima.