Kura 5 za Naoroji na vijana wetu wa London

Mwaka 1892 Mhindi mmoja aliingia Bunge la Uingereza kwa ushindi wa kura 5 tu. Jina lake Dadabhai Naoroji, na jimbo lake Finsbury ya Kati, hapa hapa London. Namtaja leo kwa sababu kila uchaguzi ukikaribia, nyumba zetu za Waswahili hapa husema neno lile lile: "Siasa za Wazungu hazituhusu." Mimi nasema zinatuhusu, tena sana.

Naoroji alizaliwa 1825, mtoto wa Kiparsi. Maparsi si wageni kwetu. Freddie Mercury, aliyezaliwa Unguja, alikuwa wa jamaa hao. Naoroji alisomesha hisabati Bombay, akaja Uingereza 1855 kwa biashara, na 1874 akawa Diwani, yaani waziri mkuu, wa dola ya Baroda kule Gujarat. Cheo hicho hakudumu nacho. Hesabu ndiyo hakuiacha: 1876 alikadiria kwamba pato la Mhindi mmoja ni rupia 20 kwa mwaka, akasema wazi kuwa mali ya India inanyonywa kupelekwa Uingereza. Akaona jambo hilo lazima lisemwe pale pale sheria zinapotungwa.

Mwaka 1886 aligombea Holborn, akashindwa. Miaka 2 baadaye Waziri Mkuu, Lord Salisbury, akasema hadharani kwamba Waingereza hawajafika hadi ya kumchagua mtu mweusi. Maneno yale yakamgeukia mwenyewe, maana jina la Naoroji likajulikana nchi nzima. Akahamia Finsbury, akatafuta kura za wafanyakazi wa pale, akaunga mkono Waairishi wajitawale na wanawake wapige kura. Alipochaguliwa, alikula kiapo kwa kitabu cha dini yake mwenyewe. Hakuficha asili yake ili apendwe.

Mwaka 1895 akaangushwa. Basi alikaa kimya? Wapi! Mwaka 1906, mzee wa miaka 81, aliongoza mkutano wa Congress kule Calcutta na kudai India ijitawale. Alifariki 1917, miaka 30 kabla ya uhuru.

Sasa turudi kwetu. Najua hofu ilikotoka. Wazee walioiona Januari 1964 Zanzibar waliona siasa ikiwatoa watu majumbani mwao, na wengine ikawatoa roho. Mzee kama huyo akimwambia mjukuu wake "soma, fanya kazi, siasa waachie wenyewe," siwezi kumlaumu. Lakini woga uliomlinda babu haumfai mjukuu anayeishi London. Nyumba za kupanga za serikali, shule ya mtoto, ruhusa ya kugeuza jengo kuwa madrasa, vyote hivyo vinapita mikononi mwa baraza la mtaa, na madiwani wake wanachaguliwa kwa kura.

Wengi hawajui kuwa haki hiyo tayari wanayo. Raia wa nchi za Jumuiya ya Madola anayeishi Uingereza kwa kibali halali, akiwa ametimiza miaka 18, anaruhusiwa kujiandikisha na kupiga kura, hata ya Bunge. Tanzania, Kenya na Uganda zimo. Oman haimo, kwa hiyo kijana mwenye pasi ya Oman peke yake hana haki hiyo. Ila ndugu yake mwenye pasi ya Kenya anayo, na siku ya kura pasi hiyo hiyo inakubaliwa kuwa kitambulisho.

Wengine watasema, "Sisi wapita njia, kesho tunarudi Maskat." Na Naoroji pia alirudi India. Siku alizokaa hapa alizitumia.

Wala usidhani kura 5 ni habari za zamani. Julai 2024 Shailesh Vara, mzaliwa wa Uganda aliyekaa bungeni miaka 19, alipoteza kiti chake cha Cambridgeshire kwa kura 39. Watu 39 ni harusi ndogo tu ya kwetu.

Kwa hiyo wazazi mlioko Maskat, Dubai na Doha, mkipiga simu London jioni hii, baada ya kuuliza habari za masomo na baridi, ulizeni na hili: "Mwanangu, umejiandikisha?"