Kicheko kilichopotea

Tukisikia kwamba kitu cha kale kimepotea, mara twafikiri ufalme, mji au kitabu kikubwa. Leo twawasimulia kupotea kwa kitu kidogo sana: filimu fupi ya kuchekesha, iliyotengenezwa Ujerumani zaidi ya miaka mia iliyopita. Jina lake ni Fräulein Seifenschaum, maana yake Binti Povu la Sabuni.

Aliyeiongoza ni Ernst Lubitsch, mwana wa mshona nguo, aliyezaliwa Berlin mwaka 1892. Ujanani mchana alifanya kazi dukani kwa baba yake, na usiku alicheza katika michezo ya Max Reinhardt. Filimu hiyo yahesabiwa kuwa ya kwanza aliyoiongoza mwenyewe. Sinema za siku zile zilikuwa bubu, nao watazamaji walichekeshwa kwa macho tu.

Filimu za namna hii zilipoteaje? Utepe wake ulitengenezwa kwa nitrati ya selulosi, kitu cha ukoo mmoja na baruti. Ukishika moto, hata ukitumbukizwa majini huendelea kuwaka. Usipoungua, huoza wenyewe polepole: kwanza picha hufifia, kisha utepe hunata, mwisho hubaki vumbi la rangi ya kahawia. Tena ndani ya picha mna fedha halisi, na filimu nyingi zilizokwisha kuonyeshwa ziliharibiwa ili fedha hiyo itolewe. Nani angetunza mzaha wa dakika chache? Sisi tunaofungia karanga magazeti ya mwaka jana tusiwalaumu upesi.

Lubitsch alikwenda Marekani mwaka 1922, akawa bwana wa filimu za kuchekesha. Mwaka 1935 serikali ya Hitler ilimnyang'anya uraia wake, kwa kuwa alikuwa Myahudi. Mwaka 1947 Wamarekani walimpa tuzo ya heshima ya Oscar, na mwaka ule ule akafa. Wengi wamejifunza kazi kwake, lakini hatua yake ya kwanza hawawezi kuitazama.

Hata hivyo wenye kutafuta hawakukata tamaa. Filimu yake nyingine, ya mwaka 1916, ilidhaniwa imepotea kabisa, kumbe nakala yake ilikuwa imelala Slovenia. Yaitwa Als ich tot war, yaani Nilipokuwa Nimekufa. Hiyo imerudi. Binti Povu la Sabuni angali akingojewa.