Penélope Cruz hakufika alipo kwa kutwenga

Ukimtaja Penélope Cruz, wengi wetu tunakumbuka akiwa na Johnny Depp kwenye Blow, au na Tom Cruise kwenye Vanilla Sky. Zote zilitoka 2001, zote za Kiingereza. Lakini skiza, ukitaka kujua kwa nini huyu dada wa Uhispania bado anaheshimiwa, usianzie hapo.

Cruz alizaliwa 1974 Alcobendas, mji ulio karibu na Madrid. Mamake alikuwa msusi. Mwaka wa 1992, akiwa bado tineja, aliigiza katika Jamón Jamón na Belle Époque. Hiyo ya pili ikaja kushinda Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Mwaka wa 1999 akawa kwenye Todo sobre mi madre ya Pedro Almodóvar, nayo ikabeba Oscar hiyo hiyo. Yaani kabla Hollywood haijamfanya staa, alikuwa tayari na filamu mbili za Oscar, zote za Kihispania.

Kisha Marekani ikamwita, na Kiingereza chake kilikuwa bado cha kujifunza. Akapewa nini? Zaidi ni kuwa mrembo wa ng'ambo anayependwa na staa wa kiume. Ile Vanilla Sky yenyewe ni hadithi aliyokuwa ameshaigiza kwao 1997, Abre los ojos, na mhusika ni yule yule, Sofía. Mwaka huo wa 2001 filamu zake tatu za Kiingereza zikamfanya ateuliwe kwa Razzie, zile tuzo za kuwakejeli walioigiza vibaya.

Sasa jiulize. Kipaji kilipotea wapi kati ya Madrid na Hollywood?

Hakikupotea. Mwaka wa 2006 alirudi kwa Almodóvar, akaigiza Volver. Humo yeye ni Raimunda, mama anayehangaika na vibarua, na anaficha maiti kwenye friza ya mkahawa ili kumlinda bintiye. Hapo hakuna mrembo wa kupamba hadithi ya mwanamume. Hadithi ni yake. Cannes ikampa yeye na wenzake tuzo ya waigizaji bora wa kike. Oscar nayo ikamteua kuwania mwigizaji bora wa kike, Mhispania wa kwanza kufika hapo.

Oscar yenyewe aliipata 2009 kwa Vicky Cristina Barcelona. Kama umeiona, unakumbuka jamaa anavyomwambia kila mara aongee Kiingereza, naye akipandwa na hasira anarudia Kihispania chake. Hata jukwaani siku ya tuzo, alimalizia kwa Kihispania.

Najua utaniambia: bila Hollywood, wewe wa Nairobi ungemjulia wapi? Ni kweli. Kiingereza kilimfungulia mlango, na alikaa chini akakisoma. Sisemi tukitupe. Ninachosema ni kwamba kazi iliyomjengea heshima ilitoka kwa lugha ya kwao na kwa mtu wa kwao aliyemwandikia sehemu yenye nyama.

Sisi je? Mse akiwashiwa kamera tu, anaanza kutwenga kama amezaliwa Atlanta. Ukiandika kwa Kiswahili, unaambiwa hiyo ni ya mtihani wa KCSE. Na bado tuna ushahidi hapa hapa nyumbani. Nairobi Half Life ya 2012, iliyojaa Kiswahili na Sheng, ndiyo filamu ya kwanza ambayo Kenya ilipeleka kuwania Oscar. Joseph Wairimu akashinda mwigizaji bora katika tamasha la filamu la Durban, na hakuhitaji lafudhi ya mtu mwingine.

Kwa hivyo ukiwa unaenda audishoni wiki hii, jifunze Kiingereza chao, sawa, kitakusaidia. Lakini usiache sauti yako kwa mlango. Na wewe unayeandika skripti usiku kwa simu, muandikie mamako wa mtaani sehemu kubwa, aongee vile anavyoongea. Cruz alikuwa na Almodóvar. Waigizaji wetu wanakungoja wewe.