Undugu Wetu Umegeuzwa Dhamana

MTAA KWA MTAA
Na Zuhura Mbaruku

Ni vigumu kumpata Mtanzania mwenye laini ya simu ambaye hajawahi kuletewa ujumbe huu: "Ile hela itume kwenye namba hii, jina litakuja..." Haisemwi hela ipi, wala nani anaidai. Aliyeuandika hakujui na hajui kama una deni. Anachojua ni kwamba nchi hii, siku yoyote na saa yoyote, kila mtu ana ndugu anayesubiri kutumiwa chochote. Akiusambaza kwa watu elfu moja, hakosi mmoja ambaye asubuhi hiyo ameahidi kumtumia kaka yake ada ya mtoto.

Tapeli huyu ameyaelewa mapinduzi ya teknolojia kuliko wengi wanaoyahubiri kwenye makongamano. Huko tunaambiwa teknolojia inakuja kuibadilisha jamii, utadhani jamii imekaa kitako inaisubiri. Historia ya pesa za simu inasema vingine. Jamii ndiyo iliyoishika teknolojia mkono ikaionyesha pa kwenda, kisha ikaanza kulipishwa kwa hisani hiyo.

Majaribio ya M-Pesa yalipoanza Kenya mwaka 2005, Thika na Nairobi, nia haikuwa mtu amtumie mama yake hela. Safaricom na Vodafone, wakisaidiwa na fedha za serikali ya Uingereza, walitaka wakopaji wa taasisi ya Faulu warejeshe mikopo yao midogo kwa simu. Wakopaji wakaipokea huduma, wakafanya yao. Wakawatumia ndugu na kulipana wao kwa wao. Ilipozinduliwa rasmi Machi 2007, habari ya marejesho ilikuwa imewekwa kando na tangazo likawa la kutuma pesa nyumbani. Sisi tuliipata mwaka uliofuata. Na hata kabla ya hapo, Uganda watu walikuwa wakisomeana namba za vocha kwenye simu, ndugu wa kijijini anaiuza ile vocha dukani na kupata taslimu. Hakuna mhandisi aliyewafundisha.

Undugu ulikuwepo siku zote, ila njia ndiyo ilikuwa ndefu. Hela ilitiwa kwenye bahasha akapewa dereva wa basi au jirani anayesafiri, na aliyeituma hakupata usingizi mpaka asikie imefika. Simu ilipoufuta umbali, faida yake ilionekana haraka. Mwaka 2014 watafiti William Jack na Tavneet Suri walionyesha kwamba kaya za Kenya zisizotumia M-Pesa, zikipatwa na janga kama ugonjwa au kupoteza kazi, zilipunguza matumizi yao kwa takriban asilimia 7. Zilizokuwa nayo hazikuyumba. Sababu ni kwamba ndugu wengi zaidi waliweza kuchangia, kila mmoja kidogo, na mchango ukafika wakati bado unahitajika. Simu yenyewe haikumtibu mgonjwa.

Kaa nusu saa tu kwenye kibanda cha wakala karibu na stendi yoyote ya mabasi, uangalie. Dada wa chini ya mwavuli ana simu tatu, daftari la mistari lililochakaa pembeni, na kalamu iliyofungwa uzi isitembee. Mzee mmoja anatoa shilingi elfu kumi alizotumiwa dakika tano zilizopita, anazihesabu, anakwenda duka la dawa. Kijana anatuma elfu ishirini na kuuliza ya kutolea ni ngapi, maana amekumbushwa: "Na ya kutolea, mwanangu." Huo ndio uungwana wa zama hizi. Ukimtumia mkubwa wako bila ya kutolea, umetoa nusu.

Lakini ule umbali ulikuwa pia udhuru, na udhuru ni haki ya mtu mwenye kipato kidogo. Zamani ungeweza kusema hujapata mtu wa kumpa, na heshima yako ikabaki. Leo kamati ya harusi inakutia kwenye kundi la WhatsApp bila hodi, majina yanapangwa na ahadi zake, na aliyemaliza anawekewa alama ya vema mbele ya shangazi zake wote. Mwalimu aliyepangiwa kituo mbali na kwao mshahara wake unafahamika umetoka kabla hajaenda kuutoa. Siombolezi zama za bahasha. Ninachosema ni kwamba shinikizo hili ndilo linaloipa biashara yote mwendo wake, na wapo waliokwisha kuliona.

Wa kwanza ni kampuni za simu. Hela ileile, kwa safari ileile, inakatwa mwanzoni ikitumwa na mwishoni ikitolewa. Wa pili ni serikali. Julai 2021 ilileta tozo ya miamala, kuanzia shilingi 10 hadi 10,000 kwa muamala, ikisema inatafuta fedha za kujenga vituo vya afya na madarasa. Mahitaji hayo ni ya kweli. Ila wananchi walipiga kelele kwa sababu iliyo wazi: mchango wa msiba si biashara, na mtumaji alikwisha kukatwa kodi alipoupata mshahara. Septemba mwaka huohuo tozo ilipunguzwa kwa asilimia 30, na mwaka 2022 ikashushwa tena. Kwa hiyo tusiambiwe teknolojia haina mjadala. Tulijadili, na hesabu zikabadilika.

Wa tatu ndio wanaonitia hofu zaidi. Watu wamewaita kausha damu. Unapakua programu ya mkopo, inakuomba ruhusa ya kuona majina uliyohifadhi kwenye simu, unabonyeza kubali kwa sababu mtoto ana homa na mkopo unaingia ndani ya dakika tano. Ukichelewa kulipa, ujumbe unakwenda kwa bosi wako, kwa mama mkwe, kwa katibu wa kikundi chako cha vikoba: fulani ni mdaiwa sugu, mwambieni alipe. Mkopeshaji wa zamani alishika shamba au friji. Huyu ameshika watu ambao hawakutia saini popote. Dhamana yake ni undugu wako, na riba anaivuna kwenye aibu yako.

Kenya ilipitisha kanuni mwaka 2022 zinazomkataza mkopeshaji kuwasumbua watu waliomo kwenye simu ya mdaiwa. Hapa kwetu Benki Kuu, Novemba 2024, ilitangaza orodha ya majukwaa na programu 69 zilizokuwa zikikopesha bila leseni. Hatua nzuri, lakini programu iliyofungwa kwa jina hili asubuhi inaweza kurudi jioni kwa jina jingine. Majina ya ndugu zako hayapaswi kufikiwa na mkopeshaji hata akiomba, na ruhusa ya mtu aliyebanwa na shida isihesabiwe kuwa ruhusa.

Nayasema haya sasa kwa sababu akili mnemba imekwisha kuingia mlangoni. Yule tapeli wa "ile hela" alikuwa akirusha jiwe gizani. Sasa kuna mitambo inayoweza kuiga sauti ya mtu kwa kusikiliza rekodi fupi tu, na sisi ni taifa la kutumiana ujumbe wa sauti. Kesho atakupigia shangazi yako mwenyewe, kwa kikohozi chake na jina lako la utotoni, akisema amekwama hospitali. Kila familia ikubaliane mapema: ombi la dharura linathibitishwa kwa kuipigia namba ya siku zote, na mwombaji asione aibu kuambiwa subiri. Wakubwa wajue kwamba kuulizwa si kuvunjiwa heshima.

Lakini mzigo huo usibaki kwa familia peke yake. Mwaka 2019 na 2020 tulipanga foleni kwa vitambulisho vya NIDA na kusajili laini kwa alama za vidole, tukiambiwa ndiyo dawa ya utapeli. Basi kila ujumbe wa "ile hela" unatoka kwenye laini yenye kidole cha mtu. Aliyeisajili anajulikana, kampuni inayochukua ada inajulikana, na namba iliyopokea fedha inaonekana kwenye risiti. Iweje hasara yote imwangukie mjane aliyetuma elfu hamsini?

Mdhibiti aamue kwamba fedha ikipokelewa na laini iliyokwisha kuripotiwa na isifungwe, kampuni husika imrudishie aliyeibiwa. Gharama ya uzembe ikihamia kwa anayevuna ada, laini hizo zitafungwa kwa kasi ileile ambayo ada hukatwa. Wabunge wetu wataongea sana kuhusu akili mnemba na mustakabali wa taifa. Waanze na hilo moja, halafu ndipo tuwasikilize kwa yaliyobaki.